Si "haki ya kigeni", ni haki ya kupewa

Mswada wa faharasa ya theolojia unaozungushwa kwetu umeifasiri iustitia aliena ya Martin Luther kuwa "haki ya kigeni". Nimejaribu kuitetea tafsiri hiyo, nikashindwa. Mtu wa Mbuchi akisikia "kigeni" anawaza fedha za kigeni, au mbegu aliyoileta bwana shamba, au manowari Königsberg ya Wajerumani iliyoangamia huku kwetu, delta ya Rufiji, mwaka 1915. Hamuwazi Kristo.

Kosa linaonekana ukirudi kwenye Kilatini. Alienus limetokana na alius, yaani mwingine, na asili yake ni neno la umiliki. Ager alienus ni shamba la mwenyewe, si lako. Aes alienum, neno kwa neno "shaba ya mwingine", ndivyo Warumi walivyoliita deni. Katika hotuba yake juu ya haki za aina mbili, iliyochapishwa 1519, Luther aliposema haki ya Mkristo ni aliena alimaanisha kwamba mwenye haki hiyo ni Kristo, nasi imetujia kutoka nje yetu. Wanakamati waliouandaa mswada, naona, wameifuata fremd ya Kijerumani, yenye maana zote mbili, wakaokota ile isiyohusika.

Mwenzetu mmoja, msomi ninayemheshimu, anashikilia "haki ya kuazima". Pengine ameitoa kwenye lile deni. Lakini cha kuazima hurudishwa, na Waswahili walikwishasema zamani kwamba nguo ya kuazima haisitiri matako. Haki anayoifundisha Luther husitiri, tena hairudishwi.

Mimi nasema haki ya kupewa. Neno haki tumelipata katika haqq ya Kiarabu, lenye ukweli na stahili ndani yake. Ndiyo maana kibarua wa mpunga akimaliza kuvuna husema "nipe haki yangu". Kupewa, kwa upande wake, kunamkuta mtu asiye na cha kudai. Kuyaweka maneno haya mawili pamoja ni kulisema fundisho lote: mtu anakabidhiwa kama stahili yake kitu ambacho hakukifanyia kazi. Na kauli ya kutendwa iliyomo katika kupewa ndiyo passiva ya Luther mwenyewe. Katika dibaji ya maandishi yake ya Kilatini, aliyoiandika 1545, mwaka mmoja kabla ya kufa kwake, anaeleza alivyosumbuliwa na Warumi 1:17, mpaka alipotambua kuwa haki ya Mungu inayotajwa pale si ile ambayo kwayo Mungu huadhibu, bali ni ile anayotupa ili tuishi kwa imani, na ndiyo aliyoiita passiva. Kilatini kiliongeza kivumishi kizima. Sisi tunatosheka na kitenzi.

Tena kitenzi hicho kinaeleweka. Mitumbwi ikirudi Mbuchi, bibi mzee asiye na mtoto wa kuvua hutiliwa samaki kwenye ndoo yake, bila mizani na bila bei. Usiku anakula kitoweo sawa na wenye nyavu. Ukimwuliza kimetoka wapi, atakujibu, "Nimepewa, mwanangu." Hatasema ameazima, wala hatakiita cha kigeni.

Kwa matumizi, "kuhesabiwa haki", tuliyoizoea katika Biblia ya Union ya 1952, ibaki kwa tendo la Mungu. "Haki ya kupewa" itumike kwa aliena na kwa passiva.

Pendekezo hili nililipeleka kwa maandishi. Nikajibiwa kwamba "kupewa" ni neno la kawaida mno kwa faharasa ya kitaalamu. Jibu hilo limeniuma, maana anayefasiriwa ni Luther, aliyeandika mwaka 1530, katika waraka wake juu ya kutafsiri, kwamba mtafsiri amwulize mama nyumbani, watoto njiani na mtu wa kawaida sokoni, asikilize wanavyosema, ndipo aandike. Nawaomba wanakamati, kabla mswada haujaenda mtamboni, wamwulize mtu mmoja tu wa pwani, wa Kibiti au wa kwingineko, "haki ya kigeni" ni kitu gani.