Natasha wa Eastlands ni ndugu yake Mwanaidi

Kila mwanzo wa muhula mimi huisoma orodha ya wanafunzi wapya kwa sauti, jina baada ya jina. Ni mazoea niliyoyarithi kwa walimu wangu na sijaona sababu ya kuyaacha. Nilipoanza kufundisha, orodha ilijaa kina Jane, Mary, Margaret na Rose. Siku hizi wamejaa kina Natasha, Tanya, Nadia na Sasha, na nikiuliza wametoka wapi, aghalabu hunitajia mitaa ya Eastlands: Kayole, Umoja, Donholm, Buruburu, Dandora. Natasha Wanjiru. Natasha Achieng. Natasha Mwende. Jina lililotoka Urusi limesimama mbele ya jina la nyanya kana kwamba wawili hao wamejuana tangu zamani.

Nimeamua kulipa jina hili makala nzima kwa sababu ya mmoja wa wasichana hao, mkazi wa Kayole. Alipokuwa akijiandaa kubatizwa, katekista wake alimwambia kwamba Natasha si jina la Kikristo. Eti ni la Kirusi, ni la filamu, na halina maana yoyote. Achague lingine. Akachagua Catherine. Sasa ni Catherine kwenye cheti cha kanisa na Natasha kwenye kitambulisho, na anayejua usumbufu wa ofisi zetu majina yanapotofautiana atajua kinachomngoja siku ya kuandikisha ndoa. Lakini hilo la vyeti halikuwa ndilo lililomleta ofisini kwangu. Aliniuliza, "Prof, kwani jina langu ni la bure?"

La hasha. Katika majina yote ambayo katekista yule angeweza kulikataa, hili lilikuwa la mwisho kustahili kukataliwa. Natasha ni jina la Krismasi.

Hebu tulifumue. Natasha ni kifupisho cha Natalia, ambalo Warusi hulitamka pia Natalya. Natalia limetokana na Kilatini, *natalis*, yaani "-a kuzaliwa". Wakristo wa kale waliozungumza Kilatini waliiita sikukuu ya kuzaliwa kwa Yesu *natale Domini*, uzawa wa Bwana, na mtoto wa kike aliyezaliwa siku hiyo au karibu na hiyo akaitwa Natalia. Neno lilo hilo liliposagwa na vinywa vya Wafaransa likawa Noël. Kwa hiyo Noel wa Jericho na Natasha wa Umoja ni kaka na dada, japo hawajui. Renatus, ambaye ni wengi mno kule Tanzania, ni wa ukoo huo pia: maana yake ni "aliyezaliwa upya". Hata ramani ya Afrika ina ndugu yao. Vasco da Gama alipopita pwani ya kusini wakati wa Krismasi ya mwaka 1497, aliliita eneo lile Natal. Miezi michache baadaye, Aprili 1498, alikuwa amefika Mombasa na Malindi.

Waslavi hawakulipokea jina hili moja kwa moja kutoka Roma. Lilipitia kwa Wagiriki wa Bizanti, ambako aliheshimiwa mtakatifu Natalia wa Nikomedia, mke wa Adrian. Wote wawili wanakumbukwa kwa mateso ya mwanzoni mwa karne ya 4: Adrian aliuawa kwa imani yake, na Natalia alikuwa akimtia moyo gerezani. Vladimir wa Kyiv alipobatizwa mwaka 988 na kuwaingiza watu wake katika Ukristo wa Bizanti, majina ya watakatifu yalifuata. Kalenda ya Kanisa la Kiothodoksi ikamwekea Natalia tarehe 26 Agosti, ambayo kwa kalenda yetu ya leo ni tarehe 8 Septemba. Ndiyo maana kwa Warusi kina Natalia husherehekewa Septemba, na wengi wao hawakumbuki kabisa kwamba jina lao lina Krismasi ndani yake. Kusahau maana ya jina si ugonjwa wa Nairobi peke yake.

Na hapa ndipo ninapotaka msomaji wangu anyanyue macho kutoka Urusi aangalie Majengo, Pumwani, mtaa ulioanza mwanzoni mwa miaka ya 1920 na ambao Waislamu wake wa Kiswahili ni wakongwe kuliko sehemu kubwa ya Eastlands. Huko, kama ilivyo kule pwani, kuna jina la kina bibi: Mwanaidi. Mwana wa Idi. Kwa kawaida ni mtoto wa kike aliyezaliwa sikukuu ya Idi. (Na huyo "mwana" si mtoto tu, katika Kiswahili cha pwani ni neno la kumstahi mwanamke, kama tunavyoliona kwa Mwana Kupona binti Msham, mtunzi wa Lamu.) Msikiti na kanisa, Kiarabu na Kilatini, lakini wazo ni lile lile: mtoto amekuja siku ambayo watu wote wanasherehekea, basi na aitwe kwa siku hiyo. Natasha akitafsiriwa kwa utaratibu wa majina ya Kiswahili, tafsiri yake iliyo karibu zaidi ni Mwanaidi.

Wala si Mwanaidi peke yake. Majirani zake katika ploti yoyote ya Eastlands wameitwa kwa saa na majira. Achieng alizaliwa jua likiwaka, Atieno usiku, Akinyi asubuhi. Chepkoech alizaliwa alfajiri. Nafula alikuja na mvua, Nekesa akaja wakati wa mavuno. Mwanajuma na Mwanahamisi wamebeba siku za juma. Kwa hivyo anayesema kuwa Natasha Achieng ana jina moja la kigeni lisilo na maana na jina moja la Kiafrika lenye maana hajatazama vizuri. Majina yote mawili yanajibu swali moja: mtoto huyu alizaliwa lini?

Lakini mpaka hapa sijagusa Uslavi wenyewe. Natalia ni la Kilatini. Kilicho cha Kislavi katika Natasha ni mkia wake, ile *-sha*. Warusi wana hazina kubwa ya viambishi vya kufupisha na kubembeleza majina. Maria huwa Masha, Daria huwa Dasha, Mikhail huwa Misha, Pavel huwa Pasha, Aleksandra huwa Sasha, na Aleksandr wa kiume naye ni Sasha vile vile. Wakitaka kumbembeleza Natasha zaidi watamwita Natashenka. Wakimwita Natashka, basi ama wamemzoea sana ama wamemkosea adabu.

Kwa Mrusi, Natasha ni jina la jikoni na la uani. Kwenye pasipoti yake ameandikwa Natalya. Akiwa mwalimu, wanafunzi wake watamwita Natalya Ivanovna, yaani Natalya binti Ivan, na mwanafunzi atakayethubutu kumwita Natasha atatolewa nje. Tolstoy, katika *Vita na Amani* iliyochapishwa kati ya 1865 na 1869, anatupeleka nyumbani kwa kina Rostov siku ya Mtakatifu Natalia. Mama anaitwa Natalya na binti anaitwa Natalya. Mama, mke wa kabaila, amebaki na jina zima. Binti wa miaka 13, anayeingia sebuleni mbio, ni Natasha. Kifupisho kinatenganisha wasomo. Familia yoyote ya Kikuyu inayowataja watoto kwa nyanya zao inaielewa hali hiyo bila kusoma Tolstoy: Wanjiru mkubwa ni shosho, na wajukuu zake watatu wenye jina lake wanagawana Shiro, Ciru na mengineyo.

Jina hili lilipofika Nairobi, daraja zilipinduka. Huku Natasha ndilo jina la cheti cha kuzaliwa, la mtihani wa KCSE na la kitambulisho. Jina la jikoni ni Wanjiru au Achieng. Kilichokuwa cha nyumbani Moscow kimekuwa cha ofisini Kayole. Na kwa kuwa sasa ni rasmi, vijana hawakuweza kuliacha lilivyo. Sheng imelikata tena: Tasha, na wakiwa na haraka, Tash. Sheng hupenda sana mlio huo wa *sh*. Wanjiku huwa Shiku, Njeri huwa Njesh. Hakuna uhusiano wowote wa kihistoria kati ya Sheng na Kirusi katika jambo hili. Ni sadfa tupu. Ila ni sadfa inayofurahisha kwamba vijana wa Eastlands na kina mama wa Urusi wanapotaka kulifanya jina liwe la watu wa karibu, wote huishia kwenye *sh*.

Sauti nayo ililisaidia. Na-ta-sha: silabi tatu, zote zimeishia kwa irabu, na mkazo uko kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, hasa pale Kiswahili kinapoutaka. Warusi nao huuweka pale pale. Jina lingeweza kuwa kitenzi chetu, kama "nawasha" au "nakosha". Svetlana, jina la Kislavi lililo halisi zaidi na lenye maana nzuri ya nuru, lina *sv* na *tl* ambazo mtoto wa chekechea hapa kwetu atazipasua kwa irabu mpaka mama yake asilitambue. Sishangai kwamba sijapata kumfundisha Svetlana hata mmoja.

Lilifikaje basi? Kumbukumbu za miaka ya 1960 zinatoa njia moja. Chuo Kikuu cha Urafiki wa Mataifa kilifunguliwa Moscow mwaka 1960, na mwaka uliofuata kikapewa jina la Patrice Lumumba. Tom Mboya alikuwa amewasafirisha vijana kwenda Marekani. Oginga Odinga aliwafungulia wengine njia ya Urusi na nchi za Ulaya mashariki. Baadhi walirudi na wake wa huko, na kwa wake hao wakazaliwa kina Natasha na Tanya wa mwanzo.

Njia hiyo ilikuwa nyembamba, na kwa maoni yangu haiwezi kueleza orodha zangu za wanafunzi. Njia pana ilikuwa Kiingereza. Hollywood ilitengeneza filamu ya *Vita na Amani* mwaka 1956, Audrey Hepburn akiwa Natasha. Kufikia wakati wazazi wa Umoja na Dandora walipolipenda jina hili, lilikuwa limeshazoeleka London na New York na kuvuliwa Urusi wake wote. Hawakumwita mtoto jina la Kirusi. Walimwita jina la kisasa.

Kuna kisa kimoja kinachozikutanisha njia hizo. Barack Obama mkubwa, rafiki wa Mboya, alikwenda Chuo Kikuu cha Hawaii mwaka 1959. Mwaka 1960 alikutana na Ann Dunham, na mahali walipokutana ni darasa la Kirusi. Mjukuu wao wa pili, aliyezaliwa 2001, aliitwa Natasha. Dunia inamjua kama Sasha, kifupisho ambacho Mrusi asingekitoa kwa Natasha, kwa kuwa kwake Sasha ni Aleksandra. Wamarekani nao wana Sheng yao.

Na Afrika ilikuwa imekutana na jina hili karibu karne mbili kabla ya hapo. Pushkin, mshairi mkuu wa Warusi, alikuwa kitukuu cha Abram Gannibal, Mwafrika aliyetekwa utotoni, akapitishwa Istanbul na kufikishwa kwa Mfalme Peter wa Urusi mwanzoni mwa karne ya 18, hatimaye akawa jenerali. Mwaka 1827 Pushkin alianza riwaya kuhusu babu huyo, na hakuimaliza. Ndani yake mfalme anamposea Mwafrika wake binti wa kabaila. Binti anaposikia kwamba ataolewa na mtu mweusi, anazirai. Jina la binti huyo ni Natasha. Miaka minne baadaye Pushkin mwenyewe, mwenye damu ya Gannibal, alioa, na mkewe aliitwa Natalya.

Nilimweleza msichana wa Kayole hayo yote, na sikumficha jambo moja la mwisho. Baada ya Muungano wa Kisovieti kuvunjika mwaka 1991, wanawake wengi maskini wa kutoka huko walikwenda Uturuki kutafuta riziki, na mitaani huko *Nataşa* likawa tusi, jina la kumwita kahaba. Binti wa Eastlands anayesafiri kwenda kazini upande ule ni vyema alijue hilo kabla hajalisikia kwa mtu anayecheka. Alinyamaza kidogo, kisha akaniuliza kama kanisa linaweza kukirekebisha cheti. Nikamwambia sheria ya Kanisa Katoliki ya mwaka 1983 inakataza tu jina lisilopatana na roho ya Kikristo, na kwamba jina lenye maana ya uzawa wa Bwana halina la kujibu hapo. Alitaka nimwandikie hayo kwenye karatasi yenye nembo ya chuo. Nimemwandikia.