National Wake na Nyumba ya Parktown

Katika historia ya muziki wa roki nchini Afrika Kusini, bendi ya National Wake, iliyoanzishwa Johannesburg mwaka 1979 na kusambaratika mwaka 1982, iliacha albamu moja tu. Uchache huo hauelezeki kwa vigezo vya kawaida vya biashara ya muziki, kwa kuwa kosa la bendi hiyo mbele ya dola lilikuwapo hata kabla ya gitaa kuguswa: wanamuziki weupe na weusi walikuwa wakiishi chini ya paa moja.

Mwasisi wake, Ivan Kadey, alikuwa Mzungu aliyepiga gitaa na kuimba. Gary Khoza alipiga besi, na ndugu yake Punka akapiga ngoma, wote wawili Waafrika weusi kutoka kitongoji cha Soweto. Baadaye akaongezeka mpiga gitaa Steve Moni kutoka Cape Town. Makao yao yalikuwa nyumba iliyoko Parktown, mtaa uliotengwa kwa ajili ya Wazungu chini ya Sheria ya Maeneo ya Makundi ya mwaka 1950, ambayo iligawa miji kwa rangi za wakazi wake. Mwafrika aliyelala katika mtaa wa namna hiyo kwa kawaida alikuwa mtumishi wa nyumbani, akikaa chumba cha uani, huku pasi yake, yaani hati ya ruhusa ya kuwapo mjini, ikithibitisha kwamba ana mwajiri. Ndugu wa Khoza hawakuwa watumishi wa mtu, na polisi hawakukawia kuanza kuifuatilia nyumba hiyo.

Muziki wao ulichanganya panki, yaani roki ya kasi na sauti kavu iliyotoka kwa vijana wa Uingereza na Marekani katika miaka ya 1970, pamoja na rege ya Jamaika na midundo ya fanki iliyopendwa Soweto. Waliitwa bendi ya chini kwa chini, maana yake bendi inayotegemea kumbi ndogo na habari za mdomo badala ya redio. Lakini kwa National Wake hali hiyo haikuwa mtindo wa kujitakia, kama ilivyokuwa kwa wengi wa wenzao wa London. Jina lenyewe lilibeba fumbo, kwani neno la Kiingereza walilolichagua, “wake”, lina maana ya mkesha wa msiba na pia ya kuamka, hivyo taifa lingeweza kusomwa kuwa linafanyiwa matanga au linazinduka.

Fumbo hilo lilikuwa na mashiko. Ilikuwa miaka mitatu tu tangu maandamano ya wanafunzi wa Soweto ya tarehe 16 Juni 1976, na majeshi ya Afrika Kusini yalikuwa yameingia Angola mwaka 1975 huku raia wakifichwa habari. Wimbo wao “International News” ulilenga ukimya huo wa vyombo vya habari kuhusu vita vya nje na machafuko ya vitongojini.

Albamu iliyobeba jina la bendi ilitolewa mwaka 1981 na kampuni ya WEA, ikauza nakala zipatazo 700 kabla ya kuondolewa sokoni kwa shinikizo la serikali. Ni rahisi kuona hapo ndipo bendi ilipouawa, ila maelezo hayo yanaipa albamu uzito kuliko maisha yaliyoizaa. Bendi ambayo kila safari yake, kila ukumbi na kila usiku wa kulala ulihitaji kukwepa sheria fulani ilikuwa ikichakaa tangu mwanzo, na nyumba ilipokosa utulivu, hapakuwa tena na mahali pa kufanyia mazoezi.

Kadey alihamia Marekani. Filamu ya kumbukumbu “Punk in Africa” ya mwaka 2012 iliirejesha bendi hiyo mbele ya hadhira, na mwaka 2013 kampuni ya Light in the Attic ya Marekani ikatoa upya nyimbo zao katika mkusanyiko uitwao “Walk in Africa 1979–81”. Wakati huo Gary na Punka Khoza walikuwa wamekwisha kufariki.