Rondo Hatton: Zimwi wa Hollywood Asiyehitaji Mekapu

Kama unafuatilia kurasa za muvi za kale mitandaoni, ile sura umeshakutana nayo. Picha ya rangi nyeusi na nyeupe, taya pana, paji la uso limetokeza mbele, macho yamezama ndani. Watu wanaitupia vichekesho, wanacheka, wanapita. Wengi wanadhani ni mekapu. Hapana wadau, hiyo ni sura ya mtu kabisa, na mwenyewe anaitwa Rondo Hatton.

Kazaliwa 1894, Hagerstown, Maryland, ila ujana wake ni wa Tampa, Florida. Shuleni alikuwa mwanamichezo, anacheza ule mpira wa Kimarekani wa kugongana. Picha zake za enzi hizo zipo, na ni kijana wa kawaida tu, tena mtanashati. Vita ya Kwanza ya Dunia ikamkuta jeshini, akapelekwa Ufaransa. Ni katika miaka hiyo mwili ulianza kubadilika.

Ugonjwa wenyewe unaitwa akromegali. Chini ya ubongo kuna tezi ndogo sana inayotoa homoni ya ukuaji. Ikiota uvimbe, homoni inamwagika kupita kiasi hata kama mtu ameshakuwa mkubwa. Urefu hauongezeki tena, lakini mifupa ya uso, mikono na miguu inazidi kutanuka. Haiji kwa siku moja. Ni kila mwaka unajiangalia kwenye kioo unaona mtu mwingine. Na moyo nao unachoka humohumo.

Aliporudi nyumbani akawa mwandishi wa gazeti la The Tampa Tribune. Mwishoni mwa miaka ya 1920, dairekta Henry King alikuja Tampa kurekodi Hell Harbor. Hatton alikuwepo kama ripota, King akamwona, akampa kipande kidogo cha kuigiza. Hakukimbilia umaarufu. Alirudi kwenye gazeti lake, na ni mpaka 1936 ndipo alipohamia Hollywood na mke wake wa pili.

Miaka ya mwanzo ilikuwa ya kusota. Unamwona sekunde chache, mara nyingi jina halipo hata kwenye orodha ya waigizaji. Kuna moja inauma kweli: The Hunchback of Notre Dame ya 1939. Ndani yake kuna shindano la kumtafuta mtu mwenye sura mbaya kuliko wote, na Hatton ni mmoja wa washindani. Mshindi ni Quasimodo, yaani Charles Laughton aliyebandikwa usoni makorokoro ya kutosha. Mwenye sura yake halisi kashindwa na mekapu!

Mambo yalibadilika 1944. Kampuni ya Universal ilikuwa inatoa mfululizo wa Sherlock Holmes akiwa Basil Rathbone, na kwenye The Pearl of Death Hatton akapewa nafasi ya Creeper, muuaji anayevunja watu uti wa mgongo. Haongei. Anaonekana kivuli tu, hatua nzito, halafu uso. Mabosi wakaona hapa kuna hela. Zile zilikuwa muvi za daraja B, za bajeti ndogo, zinarekodiwa kwa siku chache, kazi yake kusindikiza filamu kubwa. Zimwi la kawaida linataka fundi wa mekapu akae naye masaa kibao. Huyu anakuja asubuhi, yuko tayari.

Sasa njoo kwenye matangazo. Universal ilimnadi kama zimwi lisilohitaji mekapu, na ikasambaza kwamba uso wake uliharibiwa na gesi ya Wajerumani vitani. Gesi haileti akromegali. Lakini shujaa wa vita aliyeharibika uso anauza kuliko mgonjwa wa homoni. Kiki hazikuanza leo.

Kwangu mimi iliyovuka mpaka ni The Brute Man. Mhusika wake ni Hal Moffet, zamani kijana mzuri, nyota wa mpira chuoni. Ajali ya kemikali maabara inamharibu uso, naye anarudi kuwasaka wenzake wa zamani na kuua. Anayemwonea huruma ni binti mpiga piano ambaye haoni. Ebu fikiria unapewa skripti hiyo wakati wewe mwenyewe uliwahi kuwa kijana mzuri wa mpirani. Wamechukua maisha yake, wakaongezea mauaji. Na kwa muigizaji aliyesota miaka yote ile, hiyo ndiyo ilikuwa nafasi kubwa, jina lake likiwa limebeba muvi.

Hakuiona ikitoka. Moyo ulisimama tarehe 2 Februari 1946, akiwa na miaka 51. Mwezi uliofuata zikatoka House of Horrors na The Spider Woman Strikes Back. The Brute Man ilibaki kabatini. Mwaka huohuo Universal iliungana na kampuni nyingine, ikaachana na muvi za bei chee, na ile ikauzwa kwa PRC, studio ya masikini wenzake, ndiyo walioitoa Oktoba. Hatton alishazikwa Tampa.

Mwaka 1991 filamu ya Disney, The Rocketeer, ilimweka muuaji mwenye sura ya Hatton. Safari hii muigizaji alibandikwa uso wa bandia, kazi ya fundi Rick Baker. Na tangu 2002 wapenzi wa muvi za kutisha wana tuzo zao zinazoitwa Rondo. Mshindi anapewa sanamu ndogo ya kichwa chake, iliyoigwa kutoka ile anayochongwa ndani ya House of Horrors.