Kondoo 100 wa malkia: vibao vya Waajemi vilivyoponea mnada

Februari 21, 2018, majaji wanane wa Mahakama ya Juu ya Marekani waliamua kwa kauli moja kwamba maelfu ya vibao vya udongo vilivyokuwa Chicago visikamatwe kulipia deni la Iran. Kila tarehe hiyo inapowadia, wanaosoma historia ya Waajemi wa kale wana haki ya kushusha pumzi. Vibao vyenyewe si dhahabu wala sanamu. Vingi vinaenea kwenye kiganja cha mkono, na kilichoandikwa humo ni posho: shayiri ya kibarua, pombe ya msafiri, mvinyo wa kuhani. Lakini bila hesabu hizo, habari za Waajemi zingebaki midomoni mwa waliopigana nao.

Kila mwamba ngoma huivutia kwake, na kwa karne nyingi waliowamba ngoma hii ni Wagiriki. Dola iliyoanzishwa na Koreshi mnamo 550 KK ilienea hadi Misri na mipaka ya India, kisha ikaangushwa na Aleksanda mnamo 330 KK bila kuacha kitabu cha historia kama kile cha Herodotus. Aeschylus, aliyepigana na Waajemi vitani Marathon mwaka 490 KK, aliandika mchezo wa kuigiza kuhusu maombolezo ya Waajemi, nao ukaonyeshwa Athens mwaka 472 KK, miaka minane tu baada ya Waajemi kushindwa vitani Salamis. Humo ndimo ilimoanza kujengeka sura tuliyoizoea: mfalme mwenye kiburi, askari waliogeuzwa watumwa, jumba lililojaa fitina. Msomaji wa Biblia, anayemfahamu Koreshi wa kitabu cha Ezra aliyewaruhusu Wayahudi warudi kwao, ana picha nyingine kabisa.

Katika karne ya 19, Mwingereza Henry Rawlinson alinakili maandishi ya mfalme Dario wa Uajemi kwenye jabali la Behistun, na lugha ya Waajemi wa kale ikazidi kusomeka. Mwaka 1879 likapatikana Babeli gogo dogo la udongo lenye maneno ya Koreshi. Hapo ngozi ya ngoma ikavutwa upande wa pili. Mwaka 1971 Shah wa Iran alifanya sherehe za miaka 2,500 ya ufalme na kulitangaza gogo hilo kuwa hati ya kwanza ya haki za binadamu. Wanahistoria kama Amélie Kuhrt walimjibu kwamba Koreshi alizungumza kwa desturi ya wafalme wa Babeli, ambao nao walijisifu vivyo hivyo wanapotwaa mji.

Ushahidi usiojisifu ulifukuliwa mwaka 1933. Mwanaakiolojia Ernst Herzfeld alikuwa akichimba Persepolis, karibu na Shiraz, mji ule ule ambao Washirazi wa pwani yetu wanautaja katika masimulizi ya asili yao. Ndani ya ukuta wa ngome alikuta vibao na vipande zaidi ya 20,000, vingi vikiwa vya lugha ya Kielami, vya miaka ya 509 hadi 493 KK, wakati wa utawala wa Dario. Mwaka 1936 Iran ilikiazimisha Chuo Kikuu cha Chicago vibao hivyo ili visomwe. Richard Hallock alivikalia kwa miaka mingi, na mwaka 1969 akachapisha maandishi 2,087.

Yaliyosomwa humo yaliwashtua wengi. Dario anaagiza mkewe Irtashduna apewe kondoo 100. Wanawake wanasimamia vikundi vya wafanyakazi na kupokea posho nono. Mama aliyejifungua anapewa nyongeza, ila wa mtoto wa kiume anapata maradufu ya wa mtoto wa kike. Kumbe ile dola ya fitina iliendeshwa na makarani, mihuri na mabohari. Katika miaka ya 1980 Mholanzi Heleen Sancisi-Weerdenburg aliwakusanya wenzake waiandike upya historia hiyo wakianzia Uajemi badala ya Athens, na mwaka 1996 Mfaransa Pierre Briant akatoa kitabu chake kikubwa. Herodotus hakutupwa, maana hata yeye anamtaja mke huyo wa Dario. Alianza tu kuulizwa maswali kama shahidi mwingine yeyote.

Kisha likaja sakata la mahakamani. Septemba 1997 mabomu ya kujitoa mhanga yaliua watu watano katika mtaa wa Ben Yehuda, Jerusalem. Wamarekani waliojeruhiwa na familia zao waliishtaki Iran kwa kuifadhili Hamas, na mwaka 2003 mahakama ya Marekani ikawapa fidia ya dola milioni 71.5. Iran haikulipa. Mwaka uliofuata wadai wakavigeukia vibao: mali ya Iran, iliyo ndani ya Marekani, ikamatwe na iuzwe. Uchungu wao ulikuwa wa kweli. Lakini kuviuza vibao kimoja kimoja ni sawa na kuchana daftari la bohari na kugawa kurasa, kwa sababu kila kibao husomeka kwa msaada wa vingine. Chuo kilikataa. Mwaka 2006 jaji akasema kinga ya mali hiyo dhidi ya kukamatwa ni ya Iran, hivyo iitetee yenyewe, nayo Iran ikaingia kwenye kesi. Huku mawakili wakibishana, Profesa Matthew Stolper wa chuo hicho na wenzake walikuwa wakipiga picha vibao usiku na mchana, maana hawakujua kesho vitakuwa mikononi mwa nani.

Mwaka 2019, baada ya hukumu ya Mahakama ya Juu, vibao 1,783 vilirudishwa Iran.

Karani aliyeandika kondoo 100 hakujua kwamba miaka 2,500 baadaye atakuwa shahidi wa taifa lake. Na kwetu je? Madaftari ya maghala na bandari zetu, ya vyama vya ushirika na misikiti, ya shule za zamani, yako wapi? Mengine yameliwa na mchwa, mengine yamefungiwa karanga. Ndugu msomaji, kabla hujamuuzia muuza karanga daftari la babu yako, lisome kwanza.