Mtandao wa Faiba wa Kampala
Mtandao wa faiba wa Kampala ni mfumo wa nyuzi za kioo, nyembamba kama unywele, zinazosafirisha data kwa mwanga. Wachoraji wa miji ya kesho hupenda nyaya zinazong'aa. Za Kampala haziwaki hata kidogo, kwani mwanga wake ni wa infraredi, usioonekana kwa macho. Mikongo ya baharini iliyofika Mombasa mwaka 2009 isingetosha peke yake kuifikishia Kampala intaneti: ilihitajika faiba ya mjini, na ile iliyotangazwa na Google mwaka 2013 (sasa ni ya kampuni ya CSquared) hukodishwa kwa watoa huduma mbalimbali. Wapo watakaosema wakazi wengi hutumia simu, hawana waya nyumbani. Ni kweli, ila minara ya simu nayo huitegemea faiba iliyofukiwa kandokando ya barabara, chini ya udongo mwekundu.