Neno moja tu

Jana usiku hapa hosteli nasahihisha imla za Kiingereza za shule ninayofanyia mazoezi, nikamkumbuka MacNolia Cox. Marekani walianza mashindano ya taifa ya tahajia mwaka 1925. Mwaka 1936 binti huyu mweusi wa Akron, Ohio, miaka 13, akafika fainali Washington; njiani alihamishiwa behewa la weusi, na hoteli ya wenzake hakuruhusiwa kulala. Wakabaki watano. Akapewa "nemesis", jina la mungu wa Wagiriki, ilhali majina ya pekee hayakuruhusiwa! Mwalimu wake akapinga, wapi. Mmarekani mweusi wa kwanza kushinda, Zaila Avant-garde, ni 2021 jamani.

Nikarudia daftari zangu. Neno moja sikuwafundisha. Nimewafutia kosa wote.