Nala si Zawadi

Orodha nyingi za majina ya watoto huko Marekani hudai kwamba Nala ni neno la Kiswahili lenye maana ya "zawadi". Hebu tuhakiki. Zawadi tunalo tayari, na ni jina la watu. Kisarufi, "nala" ni n-a-la, yaani ninakula! Jina hilo lilivuma kwa filamu ya The Lion King ya 1994. Humo Simba ni Kiswahili halisi. Yaelekea Nala naye akahesabiwa humo humo. Kumbe katika Mahabharata, utenzi wa kale wa India, Nala ni mfalme. Jamani, mhakiki asiishie kwenye orodha: aulize kamusi, sarufi na wasemaji. Mtoto atalibeba jina maisha yake yote.